Moyo Ulioachwa Mtini: Mwongozo wa Kutamba Hadithi, Kutoka Kitabu cha Kale

Kima yumo mgongoni mwa papa, bahari imeshawazunguka pande zote, ndipo papa anapotoboa siri. Sultani wa nchi yake ni mgonjwa sana, na dawa iliyotajwa ni moyo wa kima. Kima hana pa kukimbilia. Kilichobaki ni ulimi wake. Basi anamlaumu rafiki yake kwa upole: mbona hukusema tulipokuwa bado nchi kavu? Sisi kima hatutembei na mioyo yetu, tunaiacha juu ya miti. Papa anageuza, wanarudi mpaka kwenye mkuyu, kima anaparamia juu, na akishafika huko anakaa kimya.

Papa anaita. Kima anamjibu kwa swali: wanidhania mimi punda wa dobi? Papa hazijui habari za punda wa dobi, anataka kuzisikia, na hapo hadithi ya pili inazaliwa ndani ya ile ya kwanza.

Kisa hiki kilichapishwa London mwaka 1870 katika kitabu cha Edward Steere, mmisionari wa Kiingereza aliyeandika hadithi alizosimuliwa Unguja. Kwa Kiswahili kinaitwa Kisa cha Punda wa Dobi. Wengi wamekipata kwa bibi kabla ya kukiona kitabuni. Lakini kima huyu ni mzee sana kuliko kitabu hicho. Yumo katika Panchatantra, mkusanyo wa Kisanskriti kutoka Uhindi, uliokwisha kuandikwa kabla ya katikati ya karne ya 6. Katika karne hiyo tabibu aitwaye Burzoe, wa baraza la Khosrow wa Kwanza aliyetawala Uajemi tangu 531 hadi 579, aliufasiri kwa Kipahlavi. Karibu na mwaka 750 Ibn al-Muqaffa akautia katika Kiarabu kwa jina la Kalila wa Dimna. Kihispania kiliupata mwaka 1251, Kiingereza mwaka 1570. Mwaka 1924 mtaalamu wa Kisanskriti Franklin Edgerton aliandika kwamba matoleo yanayojulikana yamepita 200, katika lugha zaidi ya 50.

Anayetaka kujifunza kutamba hadithi, basi, hana haja ya kuota kitabu cha siri kilichozikwa kwenye magofu. Kitabu kipo, nacho ni Panchatantra, na hadithi zake zenyewe ndizo zinazofundisha. Mwongozo huu unachambua namna zinavyofanya kazi, hatua kwa hatua, kwa mwalimu, mzazi, mtangazaji wa redio au yeyote anayeketi mbele ya watu jioni na kuombwa hadithi.

Anza na haja, kisha hadithi

Panchatantra inafunguliwa na taabu ya mzazi. Mfalme Amarashakti ana wana watatu wazito wa kujifunza, na ufalme unahitaji mrithi mwenye akili. Anaitwa mzee Vishnusharma, mwenye miaka 80, naye anaahidi kuwaelimisha vijana hao kwa miezi 6. Chombo chake ni hadithi. Katika toleo la Kiarabu haja inatajwa waziwazi zaidi: mfalme Dabshalim humwomba mwanafalsafa Bidpai ampe mfano wa jambo fulani, na kila mlango wa kitabu huanza kwa ombi kama hilo.

Haja hiyo inapenya mpaka kwa wanyama wenyewe. Mmoja husimulia ili kumshawishi mkubwa wake, mwingine ili kumwonya rafiki, wa tatu ili kuokoa roho yake. Hakuna anayesimulia kwa kupoteza wakati. Msikilizaji huhisi jambo hilo hata kama halitambui: hadithi inayotolewa kwa sababu ina nguvu ambayo hadithi ya kujazia muda haina.

Kwa hiyo, kabla ya kufungua kinywa, kamilisha sentensi hii moyoni: namsimulia fulani kisa hiki leo kwa sababu kumetokea jambo fulani. Mwalimu ambaye darasa lake limegawanyika kwa fitina atachukua kisa cha simba na ng'ombe dume, marafiki waliogombanishwa na mbweha Dimna. Mjomba ambaye mpwa wake amekwisha kuitumia kichwani faida ya biashara isiyoanza, atachukua kisa cha mtu aliyelala chini ya chungu cha unga. Mtu yule alihesabu: unga huu utanunua mbuzi, mbuzi watanunua ng'ombe, ng'ombe farasi, kisha nyumba, kisha mke, kisha mwana. Katika ndoto yake akarusha teke, chungu kikapasuka, akaamka mweupe kwa unga. Mpwa atacheka kwanza. Baadaye atakaa kimya.

Sentensi ile isipokamilika, badili hadithi au subiri siku nyingine.

Shika mahali kisa kinapogeukia

Mwanafunzi wa utambaji aanze na kisa cha kobe na mabata bukini wawili, kwa sababu ni kifupi na mifupa yake inaonekana. Ziwa linakauka. Mabata wataruka kwenda kwenye maji mengine, na rafiki yao kobe hana mbawa. Wanapata shauri: mabata watashika ncha mbili za kijiti, kobe atauma katikati. Sharti ni moja, asifungue kinywa. Wanapita juu ya mji, watu wanashangaa na kupiga kelele, kobe anataka kusema neno, anaanguka.

Kisa chote kinasimama juu ya kinywa kilichofungwa. Kila kinachosemwa kabla kinamwandaa msikilizaji kwa kinywa hicho, na kila kinachosemwa baada ya kufunguka kinapaswa kuwa kifupi. Anayeeleza rangi ya mabata, jina la ziwa na hali ya hewa ya siku ile anamchosha msikilizaji kabla kobe hajapaa. Kelele za watu wa mjini ndizo zinazohitaji nafasi, kwa maana ndizo zinazomjaribu kobe.

Andika kisa chako kwa mistari mitatu. Wa kwanza useme mhusika anataka nini. Wa pili, kipi kinamzuia au sharti gani amepewa. Wa tatu, tendo lipi moja linaugeuza mwendo. Mistari mitatu isipotosha, huenda una hadithi mbili mkononi. Na sharti likiwapo, lisikike mara mbili kabla ya kuvunjwa: mara ya kwanza kinywani mwa anayelitoa, mara ya pili kinywani mwa anayelikubali. Msikilizaji aliyelisikia mara moja anaweza kuwa alikuwa akikohoa.

Badili mavazi, uache mwili

Hapa ndipo kima na papa wanapofundisha kuliko kitabu chochote cha nadharia. Katika Panchatantra rafiki wa majini ni mamba, na mti ni ule tunaouita mzambarau. Mke wa mamba ndiye anayeutaka moyo: mume anamletea matunda matamu, naye anawaza kwamba mnyama anayekula matunda hayo kila siku lazima awe na moyo mtamu zaidi. Katika Kalila wa Dimna mamba amekuwa kobe wa majini, mti umekuwa mtini, na mke anajifanya mgonjwa ili mume amlete kima. Unguja mnyama ni papa, mti ni mkuyu, jamaa ya mtini, na anayeumwa ni sultani. Mbweha aliyemhadaa punda huko Uhindi naye, alipofika pwani yetu, alimpisha sungura.

Sasa tazama yale ambayo hayakuguswa katika safari ya karne nyingi. Urafiki ulioanza kwa matunda. Safari ya majini mgongoni mwa rafiki. Siri inayotolewa mapema mno. Uongo wa moyo ulioachwa mtini. Kurudi. Kitu kimoja kati ya hivyo vitano kikiondolewa, kisa kinakufa. Hata dobi amebaki dobi, na neno lenyewe limetoka Uhindi.

Chora mstari mmoja wa wima katikati ya karatasi. Upande mmoja weka vitu ambavyo kisa hakiwezi kuishi bila hivyo, upande wa pili weka vinavyoweza kubadilika. Kisha jiulize juu ya kila kilicho upande wa pili: msikilizaji wangu atakiona kwa neno moja, au nitalazimika kukieleza? Mtoto wa Mwanza au wa Kisangani anamjua mamba kuliko papa, kwa hiyo kwake mamba na arudi katika nafasi yake ya kale. Mtoto wa Lamu aachiwe papa wake.

Uhuru huo una mpaka. Kima hawezi kugeuzwa mbuzi, kwa kuwa mbuzi hatapanda mti na kukaa huko akizungumza na adui aliye chini. Mti hauwezi kuhamishiwa mbali na maji, kwa kuwa matunda lazima yaangukie majini. Kila unapobadili vazi, lijaribu kwenye mwili kwanza: kisa bado kinatembea?

Amua nani ajue nini, na lini

Kimo katika Panchatantra kisa cha nguchiro kinachoumiza mpaka leo. Mama anakwenda kuteka maji, anamwacha mwanawe mchanga pamoja na nguchiro aliyemlea kama mtoto wa pili. Nyoka anaingia. Nguchiro anapigana naye, anamuua, kisha anatoka mbio kumlaki mama, kinywa chake kimejaa damu. Mama anaiona damu, anadhani mwanawe ameliwa, anamwangushia nguchiro mtungi wa maji. Anaingia ndani na kumkuta mtoto mzima, na nyoka vipande vipande.

Mpangilio wa kale unamwonyesha msikilizaji vita vya nguchiro na nyoka kwanza. Mama anapotokea njiani na mtungi wake, msikilizaji anajua asichokijua mama, na moyo unamwenda mbio: asimpige, asimpige. Kisa hichohicho kinaweza kusimuliwa kwa macho ya mama. Hapo msikilizaji anaona damu pamoja naye, anakasirika pamoja naye, na anaona aibu pamoja naye mlangoni.

Njia ya kwanza inaleta taharuki, ya pili inaleta mshtuko. Zote ni halali, lakini msimulizi anayezichanganya hupoteza zote mbili. Kwa watoto wadogo njia ya kwanza inafaa zaidi, kwa sababu wanaweza kushiriki kwa kumwonya mama kwa sauti. Kwa watu wazima walioketi kusuluhisha ugomvi, njia ya pili ina uzito wake: nao wamehukumu kabla ya kuingia ndani.

Hadithi ndani ya hadithi

Turudi mtini. Kima anamsimulia papa kwamba palikuwa na punda wa dobi aliyetoroka akaenda mwituni, akanenepa. Simba alikuwa mgonjwa, akamtuma sungura amlete. Sungura akamposea punda kwa niaba ya simba, punda akafuata, simba akamrukia, punda akamponyoka. Sungura akaenda tena na maneno matamu, na punda akarudi. Safari hii hakupona.

Wasimulizi wa Panchatantra hupenda kupanga visa kama vikapu vinavyoingiana, tabaka tatu au zaidi. Msomaji wa kitabu anaweza kurudi nyuma akipotea. Msikilizaji hawezi. Kwa hiyo anayetamba kwa mdomo atosheke na tabaka mbili, na azijengee mlango wa kuingilia na wa kutokea. Mlango wa kuingilia ni swali: wanidhania punda wa dobi? Mlango wa kutokea ni maneno yaleyale yakirudi: papa alitaka kima afanye alichofanya punda, arudi mara ya pili, na kima si punda wa dobi. Neno moja linafungua na neno hilohilo linafunga.

Ukisimulia kisa cha ndani, badili kidogo sauti au mahali unapotazama. Ukirejea nje, rejesha sauti na macho. Kisa cha ndani pia kisisahaulishe cha nje: papa bado anangoja majini, na hadhira isiache kumwona.

Funzo litoke kinywani mwa mhusika

Simba alipoomba moyo na masikio ya punda, havikuwapo, maana sungura alikuwa amekwisha kuvila. Sungura akajibu kwamba punda yule hakuwa na moyo wala masikio, kwani angekuwa navyo asingerudi mara ya pili. Funzo la kisa chote linatolewa na mwizi anayejitetea. Msikilizaji anacheka ujanja wake, na papo hapo anaona kwamba alichosema ni kweli.

Linganisha na msimulizi anayemaliza kwa kunyoosha kidole: watoto, hadithi hii inatufundisha kwamba tusiwaamini wenye maneno matamu. Watoto wameshaanza kuangalia mlango. Kama funzo ni lazima lisemwe, mpe mhusika mwenye sababu ya kulisema wakati ule. Kisha nyamaza. Swali la kuuliza baadaye liwe la kweli, ambalo hata wewe unaweza kubishana nalo: je, papa alikosea kusema kweli, au alikosea kuisema mapema?

Kuhusu mwovu, kitabu hiki kina somo gumu. Katika toleo la Kisanskriti mbweha mchonganishi anafanikiwa: simba anamuua rafiki yake ng'ombe, na mbweha anabaki na cheo chake. Toleo la Kiarabu lina mlango mzima wa ziada ambamo Dimna anashtakiwa na kuadhibiwa, na wataalamu wengi wanaona kwamba Ibn al-Muqaffa ndiye aliyeuongeza. Mfasiri aliisikiliza hadhira yake. Nawe utalazimika kuamua. Watoto wengi wanadai mwovu aadhibiwe, na dai lao ni la haki. Lakini vijana wanaoingia kazini wanafaidika na kisa kinachowaonyesha kwamba mchonganishi anaweza kushinda, ili wajifunze kumtambua mapema.

Iite hadhira iingie

Fanani wa Kiswahili ana kitu ambacho Vishnusharma hakukiandika: mwito na kiitikio. Paukwa, pakawa. Hadithi hadithi, hadithi njoo. Mwito huu unamjulisha fanani papo hapo kama watu wapo naye. Kiitikio kikija kimelegea, rudia mwito kwa sauti nyingine kabla ya kuanza. Usianze juu ya hadhira iliyolala.

Ndani ya kisa, chagua sauti moja na uwaachie wasikilizaji waitoe. Toleo la Kiarabu linatoa wazo zuri. Kima mzee, mfalme aliyepinduliwa, yuko peke yake mtini, tini inamponyoka mkononi na kuanguka majini. Mlio ule unamfurahisha, anatupa nyingine. Kobe aliye chini anadhani anakarimiwa, na urafiki unaanzia hapo. Kwa Kiswahili mlio huo tunao tayari: chubwi! Acha kila tunda liangukie vinywani mwa wasikilizaji. Kima atakaporudi juu ya mti na kukaa kimya, hawatasikia chubwi tena, na ukimya huo utawaambia kwamba urafiki umekwisha.

Wiki moja ya mazoezi

Siku ya kwanza chagua kisa kimoja na uandike mistari yake mitatu. Siku ya pili na ya tatu kisimulie bila karatasi, ukiwa njiani au jikoni, na kila mara kwa maneno mengine. Maneno ya kukariri ni yale ya mlango wa kuingilia, ya sharti na ya mwisho tu. Siku ya nne jirekodi kwa simu, kisha sikiliza mahali unapoharakisha, maana mara nyingi ndipo panapostahili kutuliwa.

Siku ya tano msimulie mtu mmoja, umwombe akurudishie kisa kwa maneno yake. Alichosahau kina sababu mbili: ama hakikuhitajika, ama hukukisema vizuri. Siku ya sita rekebisha. Siku ya saba keti mbele ya watu.

Baada ya hapo kuna kazi moja zaidi. Tafsiri ya Burzoe ya Kipahlavi ilipotea. Tunaijua kwa sababu wengine walikuwa wamekwisha kuihamishia katika Kisiria na Kiarabu kabla haijatoweka. Hadithi nyingi za pwani na bara bado zimo vinywani mwa wazee, bila nakala yoyote. Kama kwenu yuko bibi au babu anayekijua Kisa cha Punda wa Dobi kwa namna yake, au kisa kingine ambacho hujakiona kitabuni, mwombe ruhusa umrekodi mwaka huu. Kisha andika jina lake, mahali alikozaliwa, aliyemsimulia yeye, na tarehe.